Nadhiri Ambayo Watoto Hawakuiweka

Tarikhi za misheni katika Afrika ya Mashariki zimeandikwa kwa majina ya wanaume waliovuka bahari, wakajifunza lugha za wenyeji, wakajenga makanisa na hospitali, wakachora ramani na kutunga kamusi. Wake zao hutajwa aghalabu pale wanapofariki, na watoto wao hutajwa kwa idadi tu, kana kwamba walikuwa sehemu ya mizigo. Baba alikuwa ameweka nadhiri mbele ya Mungu na mbele ya jumuiya iliyomtuma. Mama, kwa hiari yake au kwa kumfuata mumewe, alikuwa ameiridhia. Mtoto peke yake ndiye aliyeingia katika nadhiri hiyo bila kuulizwa, naye, kwa maoni yangu, ndiye aliyeilipa kwa muda mrefu kuliko wote.

Sisi tunaomkumbuka Johann Ludwig Krapf kwa kamusi yake ya Kiswahili, iliyochapishwa mwaka 1882 baada ya kufa kwake, ni wachache tunaokumbuka kwamba alipokuja Mombasa mwaka 1844 hakuja peke yake. Alikuwa pamoja na mkewe Rosina, ambaye huko Uhabeshi alikuwa amekwisha kujifungua mtoto wa kike njiani, nyikani, na mtoto yule hakuishi. Wazazi walimpa jina lenye maana ya chozi, wakamzika, wakaendelea na safari. Mwezi wa Julai mwaka huohuo wa 1844 Rosina alijifungua tena mtoto wa kike, na katika muda wa siku chache homa ikawachukua wote wawili, mama na mwana, ilhali Krapf mwenyewe yu kitandani hajiwezi. Walizikwa upande wa bara, mkabala na kisiwa cha Mombasa, na kaburi la Rosina lingaliko hata leo. Ndipo Krapf akaendelea na kazi yake ya kutafsiri, na ni wajibu wetu kukiri kwamba sehemu ya urithi tulio nao katika lugha hii ililipiwa gharama hiyo.

Zilikuwako misheni zilizoliepuka jambo hili kwa kuwatuma watu wasio na ndoa. Mapadri na masista wa Kikatoliki hawakuwa na watoto wa kuwafikiria, na Misheni ya Vyuo Vikuu, yenye kanisa lake kuu Unguja katika uwanja uliokuwa soko la watumwa, nayo ilipendelea wasiooa. Bali jumuiya nyingi za Kiprotestanti ziliamini kwamba nyumba ya Mkristo, yaani mume, mke na watoto wakiketi meza moja, ni mahubiri tosha kwa majirani. Na kwa imani hiyo zikawatuma watu na ahali zao mpaka Bara Hindi, Uchina, visiwa vya bahari ya Pasifiki na Afrika.

Taabu ilikuja pale watoto walipofikia umri wa miaka sita au saba. Ya kwanza ilikuwa homa, maana kabla ya kufahamika kwamba malaria huenezwa na mbu, jambo lililothibitishwa mwishoni mwa karne ya 19, makaburi ya watoto yalikuwa mengi katika kila kituo. Ya pili ilikuwa elimu, kwa kuwa mama aliyekuwa akiuguza wagonjwa na kuwafundisha wanawake kusoma hakuwa na wasaa wa kumfundisha mwanawe hesabu na Kilatini. Ya tatu haikusemwa sana hadharani, nayo ndiyo nzito kuliko zote: wazazi walikhofu kwamba mtoto atasahau watu wake, na kwamba atajifunza kwa yaya, kwa mpishi na kwa watoto wenziwe mambo wasiyoyapenda. Yaani mtu aliyewaacha nduguze ili awaambie watu wa mbali kwamba wote ni wana wa Baba mmoja, hakuthubutu kumwacha mwanawe alelewe miongoni mwa hao aliowahubiria. Sisemi kwamba wote walikuwa hivyo, lakini mfumo mzima wa kuwapeleka watoto Ulaya ulijengwa, kwa sehemu kubwa, juu ya khofu hiyo.

Na ulikuwa mfumo kweli. Huko Uingereza ilifunguliwa shule ya mabinti wa wamisionari mwaka 1838 katika kitongoji cha Walthamstow, na ya wavulana mwaka 1842, ambayo baadaye ikaitwa Eltham College. Misheni ya Basel, katika nchi ya Uswisi, iliweka kanuni mwaka 1853 kwamba watoto wa watumishi wake warudishwe Ulaya wakiwa wangali wadogo, walelewe katika nyumba ya watoto iliyotengwa kwa kazi hiyo. Hata kabla ya kanuni hiyo, Marie Gundert, aliyezaliwa kusini mwa Bara Hindi mwaka 1842, aliachwa Ulaya angali mdogo wazazi wake waliporudi kazini, akawarudia akiwa msichana mkubwa. Mwanawe ndiye Hermann Hesse, mwandishi aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 1946. Safari ya merikebu ilichukua miezi, barua kadhalika. Mzazi aliyepokea khabari kwamba mwanawe ni mgonjwa hakujua kama wakati ule anaposoma mwana amekwisha kupona au amekwisha kuzikwa.

Hakuna nyumba iliyoonja jambo hili kwa uchungu kuliko nyumba ya David Livingstone, ambaye kila mwanafunzi wa Tanzania amesoma khabari zake za Ujiji na Bagamoyo. Mkewe, Mary Moffat, alikuwa mwenyewe mtoto wa wamisionari, amezaliwa kusini mwa Afrika mwaka 1821, amekulia Kuruman, akiijua lugha ya Kitswana na kazi za nchi ile kuliko alivyoijua nchi ya wazazi wake. Livingstone alisafiri naye pamoja na watoto wadogo kuvuka jangwa la Kalahari. Katika safari ya mwaka 1850 watoto walishikwa na homa, na mara baada ya kurudi Mary alijifungua binti, Elizabeth, aliyekufa akiwa na umri wa wiki sita tu. Mwaka uliofuata wakaondoka tena, Mary akiwa mjamzito tena. Maji yaliwaishia njiani kwa muda wa siku nne, watoto wakilia kiu, na mtoto wao wa mwisho wa kiume, William Oswell, akazaliwa ukingoni mwa mto. Mama mkwe wake Livingstone alimwandikia barua ya ukali kumkataza asiwachukue wajukuu wake katika safari kama hizo, na msomaji yeyote aliye mzazi ataona kwamba bibi yule alikuwa na haki.

Mwaka 1852 Livingstone aliwapandisha merikebuni huko Cape Town mkewe na watoto wanne, waende Uingereza, naye akashika njia yake ya kuvuka bara hili toka magharibi mpaka mashariki. Kwa miaka zaidi ya minne dunia ilisoma khabari zake, ilhali Mary alihama nyumba hii mpaka ile, hana fedha za kutosha, hakupatana na wakwe zake huko Hamilton, na watoto hawana baba wala makazi ya kudumu. Nchi ile iliyoitwa kwao ilikuwa ugenini kwa mama na kwa watoto sawasawa. Mary alikufa kwa homa mwezi wa Aprili 1862 huko Shupanga, kando ya mto Zambezi, baada ya kumfuata mumewe tena.

Mwana wao mkubwa, Robert, aliyezaliwa mwaka 1846, ndiye ninayetaka tumkumbuke hasa. Alikuwa kijana asiyetulia, shule zilimshinda, na mwaka 1863 alipelekwa Afrika ya Kusini ili amfuate baba yake, lakini hakufika mbali zaidi ya Natal. Kutoka huko akavuka bahari mpaka Marekani, akaandikwa katika jeshi la Kaskazini wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe, tena kwa jina la uwongo la Rupert Vincent. Naye alimwandikia baba yake kumweleza kwamba amelibadili jina ili asizidi kulivunjia heshima jina la nyumba yao. Alitekwa mwaka 1864, na mwezi wa Desemba wa mwaka huo akafia katika gereza la wafungwa wa vita huko Salisbury, North Carolina, hajatimiza miaka kumi na tisa. Mwaka huohuo baba yake, aliporudi Uingereza, alimwona kwa mara ya kwanza binti yake mdogo, Anna Mary, aliyekwisha kuwa na miaka mitano. Livingstone aliungama mwenyewe katika maandiko yake kwamba alijuta kutocheza na watoto wake zaidi alipokuwa nao. Mtu asimhukumu kwa pupa, kwa kuwa kazi yake dhidi ya biashara ya watumwa ilikuwa kazi ya haki. Lakini ungamo lile ni lake, nasi hatuna sababu ya kulifuta.

Jambo moja zaidi kuhusu nyumba hii linagusa pwani yetu. Mwaka 1872 William Oswell, yule aliyezaliwa mtoni, alikuja Unguja pamoja na msafara uliokusudia kwenda kumtafuta baba yake. Hapo ndipo mwandishi wa magazeti Stanley alipotokea bara na khabari kwamba amekwisha kumkuta mzee na kumpa mahitaji yake. Msafara ukavunjwa, na kijana akarudi Uingereza pasipo kumwona. Livingstone alikufa mwaka uliofuata.

Wako, lakini, waliokua kwa namna nyingine. Louis Leakey alizaliwa mwaka 1903 huko Kabete, karibu na Nairobi, mtoto wa Harry na Mary Leakey waliokuwa watumishi wa Jumuiya ya Misheni ya Kanisa la Uingereza. Wazazi hawa hawakumtenga na majirani. Kikuyu kilikuwa lugha yake kama Kiingereza, akawinda pamoja na vijana wa rika lake, akaingizwa katika rika hilo kwa taratibu zao, na akiwa kijana alijijengea nyumba yake mwenyewe, kama desturi ya vijana wa Kikuyu ilivyotaka. Katika umri wa miaka kumi na sita akapelekwa Uingereza, kwenye shule ya bweni. Kijana aliyekwisha kuhesabiwa mtu mzima, mwenye nyumba yake, akaambiwa saa ya kulala, akatakiwa aombe ruhusa ya kwenda dukani, na wenziwe wakamcheka kwa kutojua michezo yao. Baadaye, huko Cambridge, alifaulu kufanya Kikuyu kikubaliwe kuwa mojawapo ya lugha zake za mtihani. Kitabu alichokiandika juu ya ujana wake, kilichotoka mwaka 1937, alikiita kwa jina linalomtambulisha kuwa Mwafrika mweupe.

Watu wengi humjua kwa mifupa ya kale ya Olduvai, ambako mkewe, Mary, alivumbua fuvu mashuhuri mwaka 1959. Mimi humfikiria zaidi katika chumba cha mahakama huko Kapenguria, mwishoni mwa mwaka 1952, ambako Jomo Kenyatta na wenziwe walishtakiwa na serikali ya kikoloni, na Leakey akawekwa kuwa mkalimani. Mawakili wa upande wa utetezi walimpinga kwamba si mtu asiye na upande, na hatimaye akajiondoa. Lugha aliyonyonya utotoni, ambayo ilimfanya ndugu wa rika zima, ikawa katika siku ile chombo cha dola iliyowafunga ndugu hao. Na Wakikuyu wengi walimhesabu kuwa msaliti. Katika miaka hiyohiyo alikuwa na maandiko mengi kabisa juu ya mila za Wakikuyu wa kusini, aliyoyakusanya kwa wazee waliomwamini, nayo yalichapishwa mwaka 1977, miaka mitano baada ya kufa kwake. Mtu mmoja alitenda yote mawili, wala sioni kwamba moja lafuta la pili. Aliyelelewa na jamaa mbili hudaiwa na jamaa mbili, na siku jamaa hizo zinapoingia vitani hakuna malipo yatakayoziridhisha zote.

Karibu na Kabete, ukingoni mwa Bonde la Ufa, ipo shule iliyowalea watoto wa wamisionari kwa vizazi vingi: Rift Valley Academy ya Kijabe, iliyoanzishwa mwaka 1906 na Africa Inland Mission, wakati Charles Hurlburt alipokuwa kiongozi wa misheni hiyo. Theodore Roosevelt, aliyekuwa Rais wa Marekani, aliweka jiwe la msingi la jengo lake kubwa mwaka 1909. Hoja ya kuanzishwa kwake ilikuwa ya rehema, kwamba badala ya mtoto kutenganishwa na wazazi kwa miaka mingi na bahari nzima, atenganishwe kwa miezi mitatu na safari ya treni. Watoto wa Usukuma walipanda meli ya ziwani Mwanza, wakashuka Kisumu, wakapanda treni mpaka Kijabe, kila mmoja na sanduku lake, nguo zimeshonewa jina shingoni, wakubwa wakiwachunga wadogo. Baada ya miezi mitatu walirudi nyumbani kwa mwezi mmoja, kisha safari ikaanza upya. Wako waliozipenda siku hizo na kupata huko ndugu wa maisha. Wako pia waliojifunza kutolia kwenye jukwaa la stesheni, na wakaendelea kutolia mpaka uzeeni.

Hapa ningependa kusimama kidogo kwa ajili ya watu wasiotajwa. Mtoto wa misheni aliyeondoka na sanduku lake alikuwa na mama wa pili, yaya aliyembeba mgongoni, aliyemwimbia, aliyemfundisha kusema shikamoo kabla hajajua salamu ya kwao. Alikuwa na marafiki waliotengeneza naye mipira ya matambara na mitego ya ndege. Zama za ukoloni shule zilitengwa kwa rangi, kwa hiyo siku ya kwanza ya shule ndiyo iliyokuwa siku ya mwisho ya urafiki ule, na hakuna aliyewaeleza watoto wa pande zote mbili kwa nini. Wamisionari waliandika vitabu vingi juu ya majonzi yao ya kuachana na wana. Majonzi ya yaya hayakuandikwa na mtu, ingawa yeye naye alikuwa akimpoteza mtoto, tena bila barua ya kumjulisha alikofika.

Kwa upande wa Uchina, China Inland Mission ilikuwa na shule yake Chefoo, mji wa pwani ambao sasa huitwa Yantai, tangu mwaka 1881. Japani ilipoingia vitani na Uingereza na Marekani mwezi wa Desemba 1941, shule hiyo ilitwaliwa, na watoto pamoja na walimu wao wakapelekwa kizuizini, hatimaye katika kambi ya Weihsien, ambamo walikuwamo wafungwa wa kiraia kiasi cha elfu moja na mia tano. Wapo watoto ambao hawakuwaona wazazi wao kwa zaidi ya miaka mitano. Walimu waliendelea kuwafundisha na kuwatahini humohumo kizuizini, na kwa kuwa hapakuwa na maziwa, maganda ya mayai yalisagwa yakawa unga, watoto wakalishwa kwa kijiko ili mifupa yao isidhoofike. Nashuhudia kwamba walimu hao walikuwa wazazi kwa maana iliyo kamili.

Ndani ya kambi ile alikuwamo Eric Liddell, Mskoti aliyeshinda medali ya dhahabu ya mbio za mita 400 huko Paris mwaka 1924. Yeye naye alikuwa mtoto wa wamisionari, amezaliwa Tianjin mwaka 1902, akaachwa na kaka yake katika shule ya bweni Uingereza angali mdogo, akawaona wazazi wake mara chache tu kwa miaka mingi. Alirudi Uchina kuwa mmisionari, na mwaka 1941, hali ilipochafuka, alimpeleka mkewe mjamzito na mabinti wawili Kanada, yeye akabaki. Kambini aliwafundisha watoto wa Chefoo sayansi, akawapangia michezo. Nao walimwita mjomba. Alikufa kwa uvimbe wa ubongo mwezi wa Februari 1945, miezi sita kabla ya askari wa Marekani kuwashukia kwa miavuli na kuwakomboa, na binti yake wa tatu hakumwona kamwe.

Si kila bweni lililokuwa na walimu wa namna hiyo. Mwishoni mwa miaka ya 1990, tume huru ilichunguza shule ya watoto wa wamisionari iliyokuwa Mamou, nchini Guinea, ikakuta kwamba watoto walipigwa kikatili na wengine wakanajisiwa. Na mwaka 2010 ripoti nyingine ilifichua mambo kama hayo katika shule ya Fanda, nchini Senegal. Watoto hao walikuwa wameaminishwa kwamba wakilalamika wataharibu kazi ya Mungu, na kwamba roho za watu zitapotea kwa sababu yao. Sijui mzigo mzito kuliko huo ambao mtu mzima anaweza kumtwika mtoto wa miaka saba. Waliosema kweli, wakiwa wamekwisha kuwa watu wazima, walisema kwa miaka mingi kabla ya kusikilizwa, na hima yao ndiyo iliyoyalazimisha makanisa kuweka kanuni za kuwalinda watoto.

Wataalamu wa elimujamii walianza kuwatazama watoto wa namna hii katika miaka ya 1950, pale Ruth Hill Useem na mumewe John, wakichunguza maisha ya Wamarekani nchini India, walipoona kwamba watoto hawa si wa nchi ya wazazi wao wala si wa nchi wanamokaa, bali hukaa katika utamaduni wa tatu ulio kati ya hizo mbili. Ruth Van Reken, aliyelelewa Nigeria katika nyumba ya wamisionari, akaliendeleza jambo hilo pamoja na David Pollock katika kitabu chao cha mwaka 1999. Walieleza kwamba mtoto huyu hujifunza lugha upesi, huzoeana na kila mtu, hana ubaguzi mwingi. Lakini akiulizwa kwao ni wapi husitasita, na huzuni zake huwa nyingi zisizo na matanga, kwa sababu hakuna aliyekufa: ni nyumba tu iliyohamwa, mbwa aliyeachwa, rafiki asiyeonekana tena.

Leo misheni nyingi humwachia mzazi achague, na watoto wengi husomea nyumbani au katika shule za mjini, wakizungumza na nyanya zao kwa simu kila wanapotaka. Jipya kubwa zaidi ni kwamba safari sasa zinakwenda pande zote. Wakorea wamejaa katika misheni za Afrika na Asia. Na kwa njia ya jumuiya kama Umoja wa Misheni wa Kiinjili, wachungaji wa Tanzania na wa Kongo hutumwa Ujerumani kutumikia sharika za huko, pamoja na wake au waume zao na watoto wao. Kwa hiyo mambo niliyoyasimulia si ya Wazungu wa zamani peke yao. Mtoto wa mchungaji wetu aliyekaa Ujerumani miaka sita hurudi akiwa na umri wa kutahiniwa kwa Kiswahili ambacho hakukisoma darasani hata siku moja, ameyazoea majira ya baridi, na binamu zake humwita Mzungu kwa utani asiouelewa. Jambo hilo halina budi kupangwa kabla ya kuondoka, si baada ya kurudi: vitabu vya Kiswahili vya kila darasa vichukuliwe, mtu wa kumfundisha apatikane hukohuko, nauli ya likizo ya watoto kuja kwa babu na bibi iandikwe katika mkataba pamoja na mshahara wa baba, na shule itakayompokea siku ya kurudi ijulikane mapema kwa jina.